Kubadili Maneno Bila Kubadili Habari: Jinsi ya Kuchagua Visawe

Tuchukue sentensi nyepesi kabisa: "Wakulima walipanda mahindi mwezi Machi." Mkabidhi mtu mwenye haraka, au programu ya kompyuta inayoahidi kuandika upya matini yoyote kwa kubofya mara moja, na unaweza kurudishiwa hivi: "Wakulima walikwea mahindi mwezi Machi." Kamusi haikukosea, kwa kuwa kupanda mti au mlima ni kuukwea, na anayetafuta kisawe cha kupanda ana haki ya kukutana na kukwea. Kosa lilitokea pale neno lilipong'olewa katika sentensi, likatafutiwa mwenzake likiwa peke yake, kisha mwenzake huyo akapachikwa mahali pale bila ya mtu kuangalia kwamba neno linalofuata ni mahindi.

Makosa ya namna hii yamekuwa mengi kwa sababu kazi ya kuandika upya imekuwa ya watu wengi. Mwanafunzi wa chuo kikuu anaambiwa aeleze mawazo ya mtaalamu "kwa maneno yako mwenyewe" na tasnifu yake itapitishwa kwenye programu ya kukagua mfanano wa maandishi. Mwandishi wa habari anapokea taarifa ya idara ya serikali na hatakiwi kuichapisha kama ilivyo. Mtahiniwa wa KCSE, mtihani wa kumaliza sekondari nchini Kenya, anakutana na ufupisho wenye alama 15 katika Karatasi ya Pili ya Kiswahili. Wote hawa husikia agizo moja, kwamba tumia visawe, na ni wachache wanaoelezwa kisawe huchaguliwaje.

Tuanze na istilahi. Kisawe ni neno lenye maana sawa, au iliyo karibu sana, na maana ya neno lingine la lugha ileile: ugonjwa na maradhi, kuelewa na kufahamu, rafiki na sahibu. Wafasiri hutumia neno hilohilo kwa maana nyingine, maana kwao kisawe ni neno la lugha moja linalolingana na neno la lugha nyingine, na tofauti hiyo imewachanganya wanafunzi wengi wanaosoma isimu na tafsiri kwa wakati mmoja. Hapa tunazungumzia maana ya kwanza tu. Kuandika upya, nako, ni kuieleza habari ileile kwa maneno na muundo tofauti, pasipo kuongeza jambo, kupunguza jambo wala kulipindisha. Ufupisho ni ndugu yake, ila wenyewe unaruhusiwa kuacha mambo madogo nje.

Kiswahili kimejaliwa visawe vingi, na historia yake ndiyo inayoeleza kwa nini. Msingi wake ni wa Kibantu, lakini karne nyingi za biashara na dini zilileta maneno ya Kiarabu yaliyokaa kando ya yale ya asili bila ya kuyafukuza, ndiyo maana ugonjwa na maradhi wanaishi nyumba moja. Wajerumani walituachia shule. Zanzibar wakachukua skuli kutoka Kiingereza. Kisha kuna lahaja. Mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 uliichagua lahaja ya Kiunguja iwe msingi wa Kiswahili sanifu, na kamati ya lugha iliyoundwa mwaka 1930 ikaanza kazi ya kuusimamia usanifu huo, lakini maneno ya Kimvita, Kiamu, Kipemba na lahaja nyingine hayakufa kwa uamuzi wa mkutano. Yanaendelea kuzungumzwa, na mengine yamo katika kamusi. Maneno yakikaa pamoja kwa muda mrefu, hugawana kazi. Ni mara chache mno maneno mawili kuendelea kubeba mzigo uleule hasa.

Mpishi anaelewa jambo hili vizuri. Akikosa ndimu anaweza kutumia siki, ukwaju au embe bichi, kwa kuwa vyote huleta uchachu. Hata hivyo ukwaju hubadilisha rangi ya mchuzi, siki ina harufu isiyofichika, na embe lahitaji muda wa kulainika. Kabla ya kuamua, mpishi huangalia anapika nini na atakayekula ni nani. Maneno nayo ni hivyohivyo: yana uchachu mmoja, lakini kila moja huja na rangi na harufu yake.

Mfano ulio wazi kuliko yote, kwa maoni yangu, ni wa mapenzi. Upendo, mapenzi, mahaba na huba huwekwa pamoja kama visawe. Mama ana upendo kwa mwanawe, na wapenzi wana mahaba. Mhubiri akisema Mungu anatupenda kwa mahaba, waumini watatazamana. Na zaidi ya hapo, "upendo wa Mungu" na "mapenzi ya Mungu" ni mambo mawili tofauti kabisa. Kwa Mkristo anayesali Sala ya Bwana, mapenzi ya Mungu ni utashi wake, yaani lile analotaka litendeke duniani. Mwandishi aliyebadili upendo kuwa mapenzi ili asilirudie neno amebadili somo zima la dini bila kujua.

Kwa hiyo jambo la kwanza la kuangalia ni nani au nini kinachozungumziwa. Mtu hufa, na pia hufariki dunia, huaga dunia, hutangulia mbele ya haki. Ng'ombe hufa tu. Kufariki kuna asili ya Kiarabu yenye maana ya kuachana, na tendo la kuiaga dunia tumelihifadhi kwa binadamu kama heshima ya mwisho, hata sentensi "ng'ombe watano wamefariki kwa ukame" humkera msomaji kabla hajajua sababu. Vilevile mnyama hunona na mtu hunenepa. Anayeandika kwamba mgeni wake amenona amemweka zizini. Marehemu anaweza kuwa mtu yeyote aliyekufa, ilhali hayati kwa kawaida hutumika kwa viongozi na watu mashuhuri. Na mganga? Nchini Tanzania, Mganga Mkuu wa Serikali na Mganga Mkuu wa Mkoa ni madaktari waliosomea udaktari na vyeo vyao vimeandikwa hivyo rasmi, lakini "mganga" akitajwa peke yake mtaani, wengi hufikiria tiba za jadi. Kuandika "daktari alimpa dawa" kisha, kwa ajili ya kubadilisha ladha tu, "mganga huyo alimshauri apumzike", ni kumtoa mgonjwa hospitalini bila ridhaa yake.

Jambo la pili ni majirani. Kuna maneno ambayo yameoana na hayataki kutenganishwa. Tunapiga simu, tunapiga pasi, tunapiga kura, tunapiga picha, tunapiga magoti. Visawe vya kupiga ni kuchapa, kugonga, kutandika, lakini hakuna mpiga kura aliyewahi kugonga kura yake, na kuchapa picha ni kazi ya mwenye mtambo, si ya mpiga picha. Tunafunga safari na tunakata tamaa. Unapokutana na jozi kama hizi, usibadilishe nusu yake. Ama uiache ilivyo, ama uiondoe yote na kutafuta njia nyingine: "walipiga kura" yaweza kuwa "walichagua viongozi wao", ikiwa kura ilikuwa ya kuchagua viongozi na si ya maoni kuhusu katiba.

Sarufi nayo ina amri zake, na hapa ndipo programu nyingi zinapoanguka, kwa sababu zimezoea lugha ambazo neno moja linaweza kuondolewa na lingine kuingia bila ya jirani kutikisika. Kiswahili hakiko hivyo. Tazama sentensi hii: "Ugonjwa huu ulioanza pwani umeenea hadi bara." Ukiweka maradhi mahali pa ugonjwa, ngeli imebadilika na sentensi yote inapaswa kuifuata: "Maradhi haya yaliyoanza pwani yameenea hadi bara." Neno moja limebadilishwa, na mengine matatu yamelazimika kubadilika nalo. Ni sawa na fundi anayebadilisha tairi la gari kwa tairi la ukubwa mwingine. Hawezi kuishia kwenye gurudumu moja. Vitenzi pia vina madai yao. "Alimpa mtoto maziwa" haiwezi kuwa "alimtoa mtoto maziwa", ingawa kupa na kutoa hukaribiana, kwa kuwa kutoa hakumpokei mpewa kwa namna hiyo. "Alimkabidhi mtoto maziwa" ni sahihi kisarufi, lakini makabidhiano ni ya ofisi, funguo na vyeti, na maziwa ya mtoto hayahitaji sherehe.

Sasa nifike kwenye jambo ambalo naliona zito kuliko yote, kwa kuwa linaweza kumharibia mtu maisha. Kuna maneno yenye hukumu ndani yake. Mtuhumiwa ni mtu anayeshukiwa. Mshtakiwa ni yule ambaye mashtaka dhidi yake yamefikishwa mahakamani. Mahabusu anashikiliwa akisubiri kesi yake iishe, na mfungwa ametiwa hatiani na anatumikia adhabu. Mhalifu ni mtu ambaye uhalifu wake umethibitika. Maneno haya yanapangwa kama ngazi, na kila kipandio kimewekwa na sheria. Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania ya mwaka 1977, katika ibara ya 13(6)(b), inakataza mtu aliyeshtakiwa kwa kosa la jinai kutendewa kama mwenye kosa mpaka ithibitike kuwa ana hatia. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 inatoa ulinzi wa namna hiyo katika ibara ya 50(2)(a). Mwandishi aliyetumia mtuhumiwa katika aya ya kwanza na mhalifu katika aya ya pili, kwa kuwa mwalimu wake alimfundisha asirudie maneno, ameshatoa hukumu ambayo hakimu hajaitoa.

Hali ni hiyohiyo kwa majina ya makosa. Kuiba, kupora na kunyang'anya huonekana kama ndugu watatu, lakini unyang'anyi hubeba nguvu au vitisho. Katika sheria za Tanzania, anayetiwa hatiani kwa unyang'anyi wa kutumia silaha anakabiliwa na kifungo kisichopungua miaka 30. Anayeandika kwamba kijana aliyechukua simu mezani "alinyang'anya" amempandishia kosa.

Vitenzi vya kusema vina hatari iliyojificha zaidi, maana vinaonekana havina madhara. Tuseme taarifa ya awali inasomeka: "Mwenyekiti alisema fedha zimetumika kujenga kisima." Ukiandika "alidai", umemwambia msomaji asiamini haraka. Ukiandika "alibainisha", umethibitisha wewe mwenyewe kwamba ni kweli. "Alikiri" humfanya aonekane amebanwa hadi akakubali jambo la aibu, "alifichua" hudokeza kwamba kulikuwa na siri, na "alisisitiza" hudokeza kwamba alikuwa akipingwa. Mwenyekiti alisema tu. Neno kusema halichoshi. Linaweza kurudiwa mara tano katika habari moja na msomaji asilione, kwa kuwa macho yake yako kwenye kile kilichosemwa.

Hapo tumegusa dhana moja iliyoenea mno shuleni, kwamba kurudia neno ni udhaifu. Kurudia kunachosha pale neno linapokuwa na uzito wa hisia au la mapambo. Katika sheria, tiba, fedha na utawala, kurudia ni uaminifu. Zahanati, kituo cha afya na hospitali ni ngazi tatu tofauti za huduma nchini Tanzania, kwa hiyo aliyeanza na zahanati aendelee na zahanati hadi mwisho. Kodi, ushuru, tozo na ada zote ni fedha zinazotoka mfukoni mwa mwananchi, lakini mwaka 2021, Tanzania ilipoanzisha tozo ya miamala ya simu, mabishano mengi ya mitaani yalizidi kuwa magumu kwa sababu mmoja alisema kodi, mwingine tozo, mwingine makato, na waliokuwa wakibishana walikuwa na vitu vitatu tofauti vichwani mwao.

Dhana nyingine ni kwamba neno gumu ni bora kuliko neno jepesi. Wanafunzi wengi hubadilisha kompyuta kuwa tarakilishi au ngamizi, na simu ya mkononi kuwa rununu, wakiamini kwamba wamekipandisha Kiswahili chao. Rununu na tarakilishi ni maneno halali, na msomaji aliyepitia shule za Kenya huyafahamu, lakini msomaji wa Dodoma au Mwanza huenda akasimama njiani kuyatafakari. Tofauti za mahali ni za kweli na hazina haja ya kuonewa haya. Karo ya Nairobi ni ada ya Dar es Salaam. Nyanya wa Mkenya ni mama ya mzazi wake. Kwa Mtanzania nyanya ni kiungo cha mchuzi, ambacho Mzanzibari mwingine atakiita tungule. Bibi kwa Watanzania wengi ni mama wa baba au mama, na kwa Wakenya wengi ni mke. Kwa hiyo anayebadilisha "mke wake" kuwa "bibi yake" katika makala itakayosomwa pande zote mbili za mpaka ajue kwamba familia itakayosomeka Arusha si ile itakayosomeka Nakuru.

Yapo pia maneno yanayoumiza. Zeruzeru na mtu mwenye ualbino yanaweza kutajwa kama visawe, na ni kweli kwamba yanamwelekea mtu mmoja. Lakini la kwanza limebebeshwa dhihaka na imani za kishirikina ambazo zimewagharimu watu maisha, Tanzania ikiwemo, na wahusika wenyewe wameeleza mara nyingi kwamba wanataka kutajwa kwanza kama watu. Umoja wa Mataifa uliitenga tarehe 13 Juni kuwa siku ya kimataifa ya kukuza uelewa kuhusu ualbino, nayo imeadhimishwa tangu mwaka 2015. Anayeandika upya matini ya zamani yenye neno hilo ana wajibu wa kuchagua, na sioni kwamba uchaguzi huu una pande mbili. Hivyo hivyo kwa kichaa na mtu mwenye ugonjwa wa akili, kilema na mtu mwenye ulemavu.

Imebaki dhana ya tatu, ambayo wanafunzi wa vyuo huilipia kwa gharama kubwa: kwamba ukibadilisha maneno ya kutosha, maandishi yanakuwa yako. Hayawi. Wizi wa kitaaluma ni kuchukua wazo la mtu bila kumtaja, na wazo hilo linabaki lake hata kama kila neno limepata kisawe. Sentensi iliyobadilishwa neno kwa neno huku ikifuata mpangilio uleule wa mwenye nayo ni nguo ileile iliyopakwa rangi. Anayetaka kuandika kwa maneno yake huisoma aya hadi aielewe, huifunga, humweleza mtu aliye karibu naye kwa mdomo, kisha huandika kile alichokieleza na kumtaja aliyelisema kwanza. Akifuata njia hiyo atashangaa kuona ni visawe vichache mno anavyovihitaji, kwa kuwa sentensi mpya huja na maneno yake.

Tuone mfano mmoja kwa ukamilifu. Habari ya awali, niliyoitunga kwa ajili ya somo hili, ni hii: "Polisi wanamshikilia kijana mmoja anayetuhumiwa kuiba pikipiki iliyokuwa imeegeshwa nje ya zahanati. Kijana huyo alisema alipewa pikipiki hiyo na rafiki yake. Atafikishwa mahakamani upelelezi utakapokamilika."

Aliyefuata kamusi peke yake ataandika: "Askari wamemnasa barobaro mmoja mhalifu aliyepora pikipiki iliyokuwa imesimamishwa nje ya hospitali. Barobaro huyo alidai alitunukiwa pikipiki hiyo na mwandani wake. Atahukumiwa uchunguzi utakapoisha." Kila badiliko linaweza kutetewa kwa kamusi, na habari imeharibika yote. Askari anaweza kuwa wa jeshi, wa wanyamapori au mlinzi wa geti. Tuhuma imegeuka uhalifu, wizi umegeuka uporaji, zahanati imepanda daraja. Kupewa kumekuwa kutunukiwa, kama vile pikipiki ni shahada. Rafiki amekuwa mwandani, yaani mtu wa siri zake, jambo ambalo hakuna aliyelisema. Na kufikishwa mahakamani, ambako ni mwanzo wa kesi, kumegeuzwa kuwa hukumu, ambayo ni mwisho wake.

Mimi ningeiandika hivi: "Upelelezi unaendelea kuhusu wizi wa pikipiki iliyoegeshwa nje ya zahanati, na kijana mmoja anayetuhumiwa kwa wizi huo yumo mikononi mwa polisi. Mwenyewe anasema chombo hicho alikipata kwa rafiki yake. Upelelezi ukimalizika, atapelekwa mahakamani." Mpangilio umebadilika, kwa kuwa upelelezi uliokuwa mwishoni sasa uko mwanzoni. Kuiba kumekuwa wizi, kupewa kumekuwa kupata kwa mtu, na pikipiki, ilipotajwa mara ya pili, imekuwa chombo, neno lililoleta ngeli yake: chombo hicho alikipata. Polisi, zahanati, rafiki na upelelezi nimeyaacha yalivyo, na tuhuma nayo imebaki kuwa tuhuma, kwa sababu kila nililojaribu kuliweka mahali pake lilisema jambo ambalo habari ya awali haikulisema.